Kura ya Kapteni Goulven

Paris, 20 Januari 1793

Dada Barba mpenzi,

Hujambo? Na Mama hajambo? Mimi ni mzima, ila baridi ya huku inanibana kifua. Tangu mliponichagua kuja bungeni, miezi minne sasa, sijaongea Kibretoni chetu na mtu yeyote. Melini niliamuru watu mia tano. Hapa nikipanda ngazi kwenda chumbani, hata mwenye nyumba haulizi kama nimerudi.

Juzi tuliitwa mmoja mmoja tuseme mfalme afanywe nini. Nilisimama nikasema, "Afe." Sauti haikutetemeka.

Mwambie Mama wewe, kwa upole. Asije akasikia sokoni.

Mdogo wako,
Goulven

Roscoff, 2 Aprili 1793

Goulven,

Salamu. Barua zako zote nne nimezipata. Nilikaa kimya kwa sababu nilikatazwa kukuandikia.

Mama alisikia sokoni. Muuza vitunguu alimpigia kelele mbele za watu: "Mama Kapteni! Mwanao kamuua mfalme aliyempa upanga!" Alirudi na kikapu kitupu, akasema jina lako lisitajwe tena humu ndani.

Pole, mdogo wangu. Mama alifariki Jumapili, tarehe kumi Machi. Asubuhi ile aliniambia, "Haya, nisomee barua zake." Nilizisoma zote. Akanuna: "Bunge, bunge, bunge. Hasemi hata kama anakula."

Unakula?

Dada yako,
Barba

Ghalani kwa watu, 9 Agosti 1793

Dada mpenzi,

U mzima? Mimi nakula kile ninachopewa, uji wa ngano nyeusi mara moja kwa siku. Nilipopata barua yako nilikaa kitandani siku mbili. Hakuna aliyebisha hodi.

Mwezi Juni wanamgambo wa Paris walizungusha mizinga kwenye ukumbi wa Bunge ili tuwatoe wenzetu wakafungwe. Nikapayuka, "Mimi mizinga naijua, hainitishi!" Kumbe nilikuwa najiandikia hukumu. Sasa na mimi naitwa haini. Akinishika mtu, hakuna kesi, ni kichwa tu.

Niko mwendo wa siku tatu kutoka kwako. Nipe wiki moja tu ya kulala chini ya paa letu.

Mdogo wako,
Goulven

Roscoff, 15 Agosti 1793

Unaomba ruhusa ya kuja kwenu? Acha ujinga. Pitia nyuma, kwenye shamba la vitunguu. Mlango sitaufunga.

Dada yako

Bordeaux, 3 Oktoba 1793

Dada Barba,

Natumai afya yako ni njema. Najua umeningoja. Nisamehe.

Nilifika. Nilisimama nyuma ya ukuta wa shamba nikakuona unaanika mashuka. Nywele zako zimeingia mvi, hukuniambia. Nilitaka kukuita, nikakumbuka kura yangu nyingine. Mwaka huu huu niliinua mkono kupitisha sheria kwamba anayemficha haini auawe naye. Niliinua haraka, dada, tulikuwa tunawahi chakula cha mchana. Nikageuka, nikaondoka.

Sasa mimi ni baharia wa kawaida kwenye meli ya Wamarekani, kwa jina la mtu mwingine. Kapteni wetu ana miaka ishirini na mitatu. Jana alinifundisha kufunga fundo. Nikamjibu, "Asante, bwana kapteni."

Tunang'oa nanga kesho. Ukiandika, mpe wakala wa meli aliyekuletea barua hii.

Mdogo wako,
Goulven

Roscoff, 28 Oktoba 1793

Mdogo wangu mpenzi,

Huko uliko, salama? Sijui kama barua hii itakukuta.

Juzi askari walikuja. Walipasua magodoro, wakatoboa mapipa ya pombe ya tofaa, wakachimba mpaka chini ya jiko. Mkubwa wao akaniambia, "Weka mkono msalabani, mama, uape hujamwona ndugu yako."

Nikaapa. Akanitazama usoni muda mrefu, akawaambia wenzake, "Twendeni. Huyu anasema kweli."

Walipotoka nikakaa sakafuni nikalia. Goulven, laiti ningekuwa nimeapa uongo.

Dada yako,
Barba