Barabara ya Yasini na Matuta Yake

Nyuma ya msikiti,
Mabawa,
Tanga.
14 Septemba, 2025

Mpendwa mdogo wangu Badru,

Assalaam alaykum. Kabla sijakugombeza, na leo nitakugombeza, nipe kwanza hali yako. Lile goti uliloangukia ngazini limeacha kuvimba? Joto la Maskati limepungua au bado mnakaangwa? Wifi yangu Sabra hajambo? Na huyo mtoto ameshaota meno mangapi? Picha mnazotuma kafumba mdomo kila siku, utadhani anaficha kitu.

Sisi huku wazima, alhamdulillahi. Baba yupo Kigombe, kifua kimemwachia, na juzi kaanza tena kubishana na watu, kwa hiyo tumejua kapona. Mimi mwili mzima. Roho ndiyo haitulii.

Nimeamua kuandika kwa mkono kwa sababu kwenye simu, kila nikitaja jina la Yasini, unasema mtandao mbaya. Mtandao wa Maskati mbaya! Muongo mkubwa wewe. Najua unalia, na mimi sikukatazi, rafiki yako alikuwa kabla hajawa mume wangu, wewe ndiye uliyemleta nyumbani. Lakini nina jambo refu la kukwambia na sitaki unikatie katikati. Jirani yetu Saleha anarudi huko Jumatano, ndiye atakayekupa barua hii pamoja na korosho. Korosho ni za wifi, usizimalize njiani kutoka mlangoni.

Leo ni siku ya mia na nne ya eda yangu. Zimebaki ishirini na nne. Badru, unanijua. Mimi ndiye niliyekuwa natoka hapa alfajiri na pikipiki, jua likichomoza nipo Kigombe kwenye mnada, saa tatu nimeshagawa pweza kwa wateja wangu wa mjini na nimekunywa chai. Sasa safari yangu ndefu ni kutoka chumbani mpaka kwenye bomba la uani. Hatua kumi na tisa. Nimezihesabu mpaka nimezichoka. Pikipiki ipo ukumbini imefunikwa shuka, kila nikipita naigonga tangi kidogo, basi tu. Watu wanakuja kunipa pole, wanasema kaa mwanangu, tulia mwanangu, subira mwanangu. Nakaa. Miguu inacheza yenyewe chini ya kanga.

Ndiyo maana nikarudi kwenye gemu letu. Wifi Semeni, dada yake marehemu, alipoona alipiga kelele nyumba nzima: mjane yupo edani anacheza gemu! Mama mkwe, Bi Mwanamkasi, akaja kuniuliza ni kitu gani hicho. Nikamwambia ni dunia, mama, unaingia mikono mitupu, unakata miti, unachonga mawe, unajenga, unalima, na giza likiingia madude yanakuja kukuua. Akafikiri kidogo, akasema, "Basi ni kama shamba tu, ila nyinyi hamna nguruwe." Nikamwambia na Yasini ana nyumba humo. Hapo akakaa kitako.

Maana hilo ndilo linalonikosesha raha, na wewe unalijua nusu tu. Yasini alikuwa kambini Mkwaja na wale wajenzi wa barabara, mimi hapa Mabawa, wewe huko, na tulikuwa tunakutana kwenye ile dunia, pale kwenye kisima cha mwanzo ambapo kila mchezaji anaanzia. Mwezi wa tatu akahama. Akaniambia ananijengea nyumba mbali, hataki kuniambia ni wapi, mpaka imalizike. Nikamsumbua sana. Akacheka. Mwanzo wa mwezi wa sita, siku chache kabla ya Idi, homa ya siku tatu, kwisha. Tumemzika yeye, na nyumba yangu ipo mahali sijui ni wapi.

Na mahali hapo siku zake zinahesabika. Dunia yetu ipo ndani ya kompyuta ya Timotheo, yule mwenzake wa kambini. Kipande chao cha barabara kimekwisha, tarehe thelathini mwezi huu wanavunja kambi, Timotheo anarudi kwao milimani Lushoto, na dunia inazimwa. Kasema atajaribu kuhifadhi nakala. Mwaka jana alijaribu vile vile, tukapoteza mashamba yote, unakumbuka. Nilimwandikia nikamwomba anirushe mpaka huko, si yeye ndiye mwenye amri? Akajibu kwa adabu kabisa kwamba hapajui mahali penyewe, na ile amri ya kumrusha mtu mpaka alipo mwenzie inataka mwenzie awemo mchezoni. Niliisoma mara moja tu, sikurudia.

Sasa tuje kwako. Nilikuuliza mwezi wa saba: Yasini hakukwambia hata upande? Ukasema kakwambia, nyumba ipo magharibi, toka kisimani ufuate jua linakotua, moja kwa moja, mbali sana. Nikakuamini. Mdogo wangu, mtu mzima, una mke na mtoto, kwa nini nisikuamini?

Kwa miguu nilijaribu siku mbili, nikaona huu ni mchezo wa konokono. Ukikimbia njaa inakushika, ukitembea giza linakukuta. Nikajaribu mtumbwi, mto unapinda hovyo. Nikajaribu ile mbinu ya kuchimba njia ya chini yenye dari fupi, unakimbia huku unarukaruka. Mwendo unakuja kweli, lakini kichwa cha simu na changu vyote viliuma. Mambo ya mabawa ndiyo sitaki hata kuyasikia. Semeni kanicheka: unakaa Mabawa na unatafuta mabawa. Hayo ya kurukia yanapatikana kwa kuua joka, na mimi joka silitaki, silijui, halinijui.

Ndipo ukanifundisha barafu. Kutandika vipande vya barafu kama reli, halafu unaweka mtumbwi juu yake, unateleza. Wallahi nilidhani unanitania. Mimi barafu naijua ya kulazia samaki, sijawahi kuipanda. Lakini nilipoteleza mara ya kwanza, Badru, nilipiga kelele mpaka Bi Mwanamkasi akaja mbio na mwiko. Ilikuwa kama ile njia ya Kigombe asubuhi, hakuna gari, hakuna askari, mimi na upepo. Nilicheka peke yangu, halafu nikaona aibu kwamba nimecheka.

Basi nikaanza kazi. Nachimba barafu milimani, naibeba, natandika kwenda magharibi. Mwezi wa nane wote. Hatua elfu saba na mia nne! Kila jioni Bi Mwanamkasi ananiuliza, "Umefika kwa mwanangu?" Namwambia bado mama. Anatikisa kichwa anaenda zake kutia udhu. Nikafika baharini. Nikavuka. Jangwa. Nikavuka. Hakuna hata banda la kuku.

Siku ya tarehe mbili mwezi huu nilikuwa nimeshakata tamaa, nipo dirishani nachungulia uani. Kaja fundi wa kuweka tangi la maji, na Bi Mwanamkasi anamsimamia. Fundi kaliweka vibaya, linaziba njia. Mama akamwambia, "Lisogeze huko kibla, baba. Kibla bado, ongeza." Na fundi akalisogeza kaskazini, kwenye ukuta wa jirani, bila kuuliza, kama mtu yeyote wa Tanga. Nikaachia dirisha. Nikakupigia palepale nikakwambia nipe maneno ya Yasini kama alivyoyasema, usiongeze usipunguze. Ukasema: "Alisema toka kisimani, shika kibla."

Badru! Miaka tisa Maskati imekutoa akili? Huko kwenu mkisimama kuswali mnaelekea jua linakotua, sawa, ndiyo kibla yenu. Lakini aliyesema ni Yasini, mtoto wa Mabawa! Huku tangu tunazaliwa kibla ni kaskazini, tunalaza vitanda hivyo, tunajenga vyoo kwa kuikwepa, mpaka tangi la maji linasogezwa kwa kibla. Mimi mwezi mzima natandika barafu kwenda kusikokuwa na mtu kwa sababu wewe umetazama mswala wako! Nilikata simu nikakutukana kwa nusu saa. Unisamehe kwa yale ambayo hukuyasikia.

Muda wa kutandika barafu nyingine haukuwepo. Nikachukua mikate, nikachukua punda, nikashika kaskazini. Siku ya kwanza nikafa. Siku ya pili nikafa tena, na punda kafa pamoja nami, maskini, hana hatia. Unarudi kisimani mikono mitupu unaanza upya. Nilitaka kuitupa simu kwenye lile tangi. Alhamisi iliyopita baada ya alasiri nikaondoka tena, kwa miguu, nakimbia tu kwenye majani, sitazami kulia wala kushoto, nawaza nikifa mara hii basi naacha.

Mara mlio wa miguu ukabadilika. Unajua kwenye majani miguu inalia vile kama kufagia. Ghafla ikawa inalia kwenye jiwe. Nikasimama. Nikatazama chini: barabara.

Badru, barabara! Pana, imenyooka, mawe yamepangwa, katikati kaweka mstari mweupe. Imeanzia pale porini penyewe na inakwenda kibla. Na ina mitaro pande zote mbili. Kwenye gemu mvua haiharibu barabara, wewe unajua, mimi najua, yeye alijua. Kaweka mitaro. Kwenye bonde kaweka kalvati la kupitishia maji chini ya barabara, na kalvati lenyewe lina mdomo wa zege. Na matuta! Kila hatua mia, tuta. Mimi matuta nayachukia kuliko madeni, na yeye kila Jumapili akinipakia nyuma alikuwa ananiambia matuta ndiyo yaliyokuacha hai mpaka leo. Nikawa naruka tuta, namtukana, naruka tuta, nalia. Ningepita pale na mtumbwi wangu wa barafu nisingeona kitu.

Mwisho wa barabara ndiyo nyumba. Ndogo. Ina baraza mbele, ya kukaa watu wawili. Pembeni kajenga kibanda kitupu, juu kaandika: PIKIPIKI YA NASMA. Nikamwita Bi Mwanamkasi, nikampa simu aone. Kaishika kwa mikono miwili, hakuifikisha karibu na macho, kaitazama kwa mbali kama picha ya ukutani. Akasema, "Kaweka baraza." Kisha akasema, "Choo kaweka wapi?" Nikamwambia mama, humu watu hawaendi chooni. Akasema, "Angeweka tu, wageni." Halafu akaenda chumbani kwake akafunga mlango.

Mlangoni pana kibao. Nakunakilia kama kilivyo: "Nasma, ukifika kaa. Nipo barabarani, nakuja."

Ndiyo hivyo, mdogo wangu. Alikuwa ameshamaliza nyumba. Alikuwa anaileta barabara huku kwangu, kutoka kwake kuja kisimani, ndiyo maana imeanza porini: pale ndipo alipofika. Nilikaa kwenye ile baraza mpaka giza la mule likaingia na taa alizoziweka zikawaka zenyewe. Siku mia nimeambiwa kaa, na ile ndiyo mara ya kwanza nimekaa.

Siku iliyofuata nikainuka. Kutoka alipofika mpaka kisimani nimepima, ni hatua elfu moja na mia mbili. Nimeshajenga mia tatu. Nachonga mawe, napanga, nachimba mtaro, kidole gumba kimeota sugu. Bi Mwanamkasi haniulizi tena kama nimefika. Jioni anauliza, "Imebaki kiasi gani?" Hata Semeni ananishikia simu nikienda kuswali, kaambiwa asiguse kitu, na juzi kapanda ua karibu na kalvati, nimemwacha.

Tarehe thelathini watazima. Nakala ikipatikana, kheri. Isipopatikana, nataka wazime barabara yake ikiwa imeshafika kisimani. Kwa hiyo nakuomba, na huu si utani: Ijumaa huna kazi. Ingia. Anzia kisimani, mimi nitakuwa natokea upande wa pili, tukutane katikati. Upana hatua saba, mstari mweupe katikati, usinidanganye na njia ya panya. Na ushike kibla, Badru. Kibla ya Tanga.

Nisalimie wifi Sabra na umbusu mtoto, umfungue mdomo nione meno. Baba anakusalimu, anasema ukituma kofia tena iwe ya kichwa chake si cha ngamia. Bi Mwanamkasi na Semeni wanakusalimu. Mungu akulinde na jua la huko, akunyooshee goti na riziki, na atukutanishe uso kwa uso kabla hatujazeeka.

Akupendaye hata ukimpoteza njia,
dada yako
Nasma

Tena: matuta nayaweka kama alivyoyaweka yeye, kila hatua mia. Usiniulize kitu.