Swali la Kwanza

Dar es Salaam, 12 Februari 2024

Dada Saumu, shikamoo. Vipi afya, vipi baridi ya Mtae? Mimi mzima, ila kazi inanikimbiza. Kondakta wa basi atakukabidhi boksi la vishikwambi ishirini kwa darasa lako la pili. Nimetengeneza masomo ya hesabu yasiyohitaji mtandao, na sauti inayouliza maswali ni yangu. Mtoto akijibu swali la kwanza, somo linafunguka. Akichelewa, linajifunga mpaka kesho. Wadhamini wataangalia matokeo yenu mwezi wa nne. Yakiwa mabaya, kampuni yangu imekwisha.

Mdogo wako, Hidaya

Mtae, 3 Machi 2024

Marahaba mdogo wangu. Tu wazima, maharage yamestawi. Boksi limefika. Mwalimu mkuu siku hizi hana wimbo ila jina lako. Miaka kumi na tisa nafundisha kwa chaki, hajaniletea mgeni hata mmoja. Kwa vishikwambi vyako kamwita mpaka afisa elimu kata. Haya, hongera. Watoto wanaendelea.

Dada yako, Saumu

Dar es Salaam, 6 Mei 2024

Dada, shikamoo. Natumaini hamjambo. Niliandika mara mbili kuuliza mbona matokeo yanayotumwa na vishikwambi kwa ujumbe mfupi yanaonyesha watoto wote wanakosa swali la kwanza. Hukujibu, nikajua shule imekubana. Wadhamini wamejitoa. Twaha, mwenzangu wa ofisini, alisema watoto wa milimani ni wazito, tukagombana vibaya. Nimerudisha funguo za ofisi. Naomba nije nikae kwako nitulie. Wengine wote watanicheka.

Mdogo wako, Hidaya

Mtae, 11 Mei 2024

Marahaba, Hidaya. Mimi mzima, ila moyo hauna raha. Barua zako zote mbili nilizipata.

Watoto si wazito. Sauti yako ikiuliza tu, wanasimama wote, “Shikamoo mwalimu!”, kisha wanangoja uitikie na kuwaambia wakae. Huitikii, muda unakwisha, somo linajifunga. Niliona tangu siku ya kwanza. Ningewaambia wakae wabonyeze jibu, yangeisha.

Sikuwaambia. Wivu ulinishika pale walipokuamkia wewe, mimi nimesimama palepale mbele yao. Nilijiona nimeshachukuliwa kila kitu. Nikakaa mezani, nikakutazama unaanguka, kila asubuhi, miezi miwili.

Njoo ukae upendavyo. Lakini nisingeweza kukupokea mzigo wako stendi kabla hujajua. Ukiamua kushukia Lushoto kwa mama mkubwa, sitakuuliza. Jumamosi ijayo nitalisubiri basi la Dar.

Dada yako, kama bado unanitaka,
Saumu