Maneno Aliyowekewa Baba

Jumatatu, 7 Agosti 1972. Kisii.
Nimepangusa projekta ya gari letu la sinema. Nimejaribu jenereta, inakohoa lakini inawaka. Ile filamu ya chai imefika kutoka Nairobi. Kuipiga niliipiga mimi, ila kuikata na kuitia sauti alifanya bosi huko huko. Sijaiona. Jina langu limo, mara ya kwanza kama mwongozaji. Nina furaha ya kijinga. Jumamosi tutaionyesha Ikonge, nyumbani. Baba atajiona.

Alhamisi, 10 Agosti. Keumbu.
Tumeionyesha filamu jioni hii sokoni.
Baba yumo, amesimama na kikapu chake cha majani chai, mdomo unaenda. Sauti yake haipo. Nilimrekodi akisema kwa Kikisii kwamba mvua ikinyesha lori halipandi kilima, majani yanaoza, anayamwaga. Alisema kwa hasira. Juu yake wameweka Kiswahili kitamu cha mtu mwingine kabisa: "Mzee huyu anashukuru. Barabara imemletea neema."
Siamini. Watu walipiga makofi.

Ijumaa, 11 Agosti.
Nimempigia bosi simu kutoka posta. Nikamwomba tuiruke Ikonge, tusiionyeshe huko. Akacheka. Eti nani atasoma midomo. Nikikataa, kazi sina.
Nimekubali. Najichukia.

Jumamosi, 12 Agosti. Ikonge.
Wasabato walingoja jua lizame, ndipo wakaja. Baba mbele kabisa, na koti lake la kanisani. Alipotokea walimshangilia. Kisha ile sauti. Hakuna mtu pale ambaye hajawahi kumwaga majani. Mama mmoja jirani akamuuliza, "Kwani hiyo barabara yako inapita wapi?" Wakacheka.
Baba hakucheka. Aliondoka kabla jina langu halijatokea. Sikuweza kumfuata. Projekta ilikuwa bado inazunguka.

Jumapili, 20 Agosti. Ikonge.
Sikutegemea angeniita. Ameniita. Nije na mashine.
Nilidhani anataka kurudia maneno yake, nikaandaa kinasa sauti. Akaketi kwenye kigoda mbele ya migomba, akaikazia macho kamera. Hakusema kitu. Nikamwambia inazunguka.
"Najua. Leo nafunga mdomo. Tuone watanisemesha nini."
Nikampiga hivyo hivyo mpaka mkanda ukaisha. Kisha tukanywa chai.
Kopo la mkanda liko chini ya kitanda changu. Bila kwenda Nairobi kwa bosi hausafishwi, picha hazionekani. Basi usisafishwe.