Gurudumu la Nyuma la Kushoto

Jumanne, 10 Aprili

Wamefika. Basi la Bangkok limewashusha njia panda asubuhi, macho yamewavimba — binti yangu Orathai, mumewe Decha, na mjukuu wangu Fai, ambaye amerefuka hata nikajifanya simjui. Akacheka. Hilo ndilo jambo zuri la leo. Hakuna jingine.

Wali wa kunata haujapoa, Decha ameshatangaza mipango. Jumapili, siku ya kuuanza mwaka, ataipeleka pikapu hekalu la mlimani. Nyuma watapanda binamu wote wa upande wa mke wangu, watoto wao, na pipa la maji la kuwamwagia watu njiani wakati wa kushuka. Ametangaza! Pikapu ni yangu. Hakuniuliza. Aliwaambia wao, mimi nikasikia.

Nikamweleza kwa utulivu. Pedali ya breki inazama, na imekuwa ikizama tangu mvua zilipokwisha. Breki za nyuma zinahitaji kurekebishwa, nami nilipanga kuzirekebisha wiki hii, hapa uani, kama nilivyofanya siku zote. Barabara ya mlimani ni kona tupu, na ukiwa na mzigo wa watu nyuma —

"Niachie mimi, baba. Hiyo ni kazi ya kunywa chai."

Kaewma, mke wangu, akanifinya paja. Baadaye jikoni akanikumbusha kwamba mwaka jana hawakuja, na kwamba kilichowazuia ni ulimi wangu. Vema. Nimenyamaza. Kunyamaza si kukubali.

Jumatano, 11 Aprili

Nimerudi kutoka hekaluni nikamkuta Decha anafuta mikono kwa shati langu la bustani. Eti amemaliza. Jeki iko pale pale na vumbi lake. Magurudumu hayajafunguliwa. Amemaliza nini?

Alilala chini ya gari, akaikaza nati ya waya wa breki ya mkono. Basi! Akaniita nivute kishikio.

"Sikia hiyo, baba! Imekaza kama shingo ya mwenye nyumba wangu."

Imekaza kweli. Nikakaa kwenye usukani, nikakanyaga pedali. Ikazama karibu na sakafu, kama jana.

Ndani ya ngoma ya gurudumu mna viatu viwili vya breki. Ukikanyaga pedali, vinatanuka na kuibana ngoma. Vikilika, vinakaa mbali nayo. Dawa yake ni kuvisogeza kwa kile kigurudumu kidogo cha meno kilicho ndani — na kabla ya hapo, waya wa mkono ulegezwe kabisa. Waya hukazwa mwisho. Yeye ameanza na mwisho, akaishia hapo hapo. Nimewafundisha watawa vijana sarufi ya Kipali, lugha ya maandiko ya dini yetu, kisha nikafundisha lugha shuleni mpaka nikastaafu. Mtu aliyeruka hatua ya kwanza namjua kwa mbali. Anatabasamu.

Nikamwambia. Akasema kijiji kizima kinafanya hivyo, hata Insom. Insom ni mpwa wa Kaewma, fundi wa pikipiki. Pikipiki!

"Basi kijiji kizima kinakosea," nikasema.

"Baba naye! Tangu nioe humu ndani sijapata jibu sahihi hata moja."

Wote wakacheka. Hata Fai. Mimi sikucheka.

Alhamisi, 12 Aprili

Jeki haipo. Nimetafuta chini ya nyumba, ghalani, nyuma ya tangi la maji. Kaewma hana hata haya: ameificha. Eti mara ya mwisho nilipolala chini ya gari, majirani waliniinua kama gunia la mpunga. Yale yalikuwa maradhi ya mgongo, breki zilipona! Nimemwambia anirudishie.

"Nitakurudishia mwaka mpya ukishapita, Mwalimu."

Huniita Mwalimu anapokusudia kunishinda.

Wakati huo Decha alikuwa mjini na pikapu, kununua pipa na nyama. Aliporudi, nilisikia harufu ya kuungua kabla sijaona gari. Nikagusa gurudumu la nyuma la kulia. Nusura niungue! Waya uliokazwa kupita kiasi unalazimisha viatu visugue ngoma safari nzima.

"Harufu ya lami hiyo, baba. Jua la Aprili."

Nikaushika mkono wake, nikauweka pale. Aliuondoa haraka sana.

"Si nimesema? Jua."

Kisha akanifungulia mlango nione dari. Alipitia kwa mtawa mkuu, na gari limechorwa herufi za baraka kwa chokaa. Uzi mweupe umefungwa kwenye usukani. "Sasa baba utalala." Nimevaa joho la utawa nusu ya ujana wangu. Herufi zile nazisoma, naye hazisomi. Naziheshimu kuliko yeye. Lakini chokaa iko darini, ngoma ziko chini! Mtawa mkuu aliombwa alibariki gari, hakuombwa alitengeneze.

Ijumaa, 13 Aprili

Fataki alfajiri, kuufukuza mwaka mzee. Tumefagia, tumeosha nyumba, tumeosha nywele. Nilikuwa nimeamua kufurahi. Nilimsaidia hata Kaewma kukata majani ya migomba.

Alasiri walikwenda mtoni na pikapu kuchota mchanga wa kujengea minara midogo ya sikukuu hekaluni. Wakarudi wameloa, wanaimba. Decha hakunitazama. Fai akaja mbio mpaka mapajani mwangu.

"Babu! Gari limekataa kusimama! Baba amekanyaga, amekanyaga, likapanda lundo la mchanga! Sote tukaanguka!" Halafu akaziba mdomo. "Baba amesema nisikuambie."

Anasimulia kama mchezo. Kwenye paji la uso ana uvimbe mwekundu, mkubwa kama tunda la longani.

Nimesimama. Decha? Ameshakwenda kwa Insom kunywa bia. Nimemkuta Orathai. Anasema mchanga ulikuwa laini, hakuna aliyeumia, na magurudumu yalikuwa yameloa tu. Kisha akashusha sauti.

"Baba, usimwaibishe mbele ya ndugu. Kule Bangkok, ghalani anakofanya kazi, kila mtu anamwamrisha. Hapa ndipo mahali pekee anaposhika usukani na watu wakampanda nyuma wakimshangilia."

Nimemjibu kwamba ashangiliwe kwenye tambarare! Akalia. Sasa mimi ndiye mbaya.

Jua linazama, hajarudi. Kaewma ananiambia kama nina neno nilitoe leo, kwani kesho ni Siku ya Kuoza. Kana kwamba sijui! Nimezaliwa huku. Mwaka mzee umekwisha, mpya haujaingia. Atakayetukana au kugombana siku hiyo, kinywa chake kinaoza na mwaka wake wote unaoza nacho. Decha anaijua siku hiyo vizuri. Ndiyo maana hajarudi. Anasubiri kesho anifunge mdomo!

Jumamosi, 14 Aprili

Sijatamka neno baya tangu kuamka. Kalamu haina kinywa.

Kaewma alipokwenda hekaluni na mchanga, nimeipata jeki. Ilikuwa nyuma ya kitanda chake cha kufumia, imefunikwa kwa sketi ya hariri. Hariri!

Nimeweka mawe mbele na nyuma ya magurudumu ya mbele. Nimeshusha breki ya mkono. Nimelegeza nati ya waya aliyoikaza, mpaka waya ukaning'inia kama kamba ya nguo. Nimenyanyua nyuma, nikaegemeza gari juu ya magogo. Mgongo ulilalamika, sikuujibu.

Nilianza na la kulia. Kizibo cha mpira nyuma ya ngoma kilitoka bila taabu. Nikaingiza bisibisi, nikasukuma jino moja moja la kile kigurudumu, huku nikilizungusha tairi kwa mkono mwingine. Tik. Tik. Tairi likakwama. Nikarudisha meno kidogo, mpaka likazunguka lenyewe na mkwaruzo mwepesi tu, kama mtu anayesugua kiganja juu ya mkeka. Hivyo ndivyo inavyotakiwa. Kwa kitambo kidogo nilisahau kukasirika.

Decha akatokea, macho mekundu, taulo begani. Akatazama magogo. Na kwa kuwa ni leo:

"Baba mpendwa. Umeamka mapema."

"Nimeamka, mwanangu mpendwa."

"Hili gari tutalihitaji asubuhi, baba mpendwa."

"Likiwa tayari utalipata, mwanangu mpendwa."

Wote wawili tulikuwa tumekaza meno. Orathai, kwenye ngazi, alificha uso kwenye khanga yake ya kuogea. Sijui alikuwa analia au anacheka.

Upande wa kushoto, kigurudumu hakikusogea kabisa. Kutu. Nikafungua nati za tairi, nikagongagonga ngoma kwa nyundo ya mbao mpaka ikatoka. Nikaona. Kwenye kiatu cha mbele, lainingi — ule ukanda mgumu unaosugua ngoma — imebanduka kwenye chuma chake. Imeshikilia ncha moja tu, kama ukucha unaotaka kung'oka. Hapa hakuna cha kurekebisha! Hata ningegeuza meno yote ya dunia. Ikijikunja ndani ya ngoma, gurudumu linaweza kukwama ghafla kwenye kona. Ikidondoka, hakuna breki. Na Fai hupenda kukaa pale pale, juu ya gurudumu hilo, ashike ukingo wa pikapu.

Nikamwita Decha aone. Ameinama, ameona. Najua ameona, kwa sababu kwa mara ya kwanza tangu aje alinyamaza. Kisha:

"Insom ana gundi, baba. Gundi kali sana."

Nilikuwa na jibu. Nimelimeza. Liko tumboni mpaka sasa.

Nikasema kwa upole kwamba maduka ya vipuri yamefungwa mpaka sikukuu iishe, kwamba gari halitakwenda mlimani, na kwamba tunaweza kwenda hekalu la hapa kijijini, kwa miguu, kama watu. Akasema ameshawaahidi. Akasema mama mkubwa wa Insom ameshapika soseji za watu wote. Akasema, kwa sauti tamu ambayo sitaisahau:

"Baba hapendi tu nionekane mtu. Gari ni sababu."

Siku hiyo ya Kuoza inamfunga anayefoka tu? Anayechoma kisu akitabasamu yeye haozi?

Nimefungua viatu vyote viwili vya kushoto. Nimefunga kisilinda, kile kinachosukuma viatu, kwa mpira ili vipistoni visiruke na kumwaga mafuta ya breki. Viatu nimevitia kwenye mfuko wangu wa kitambaa, ule wa kwendea hekaluni, na mfuko uko chini ya mto wangu. Bila viatu hakuna safari. Sijagombana na mtu. Nimefungua tu kitu changu.

Jumapili, 15 Aprili

Naandika haraka. Wako ukumbini wamepiga magoti. Nimewaambia wasubiri nivae shati jeupe.

Asubuhi nilikwenda hekaluni peke yangu kupeleka chakula. Niliporudi, pikapu ilikuwa imesimama kwa magurudumu yote manne. Magogo yamesukumwa kando. Pipa limejaa. Watoto wameshapanda nyuma na vibakuli vyao, Fai amekaa pale pale juu ya gurudumu la kushoto. Akanipungia mkono.

Viatu vya breki vilikuwa kwenye mfuko, begani kwangu! Nikainama — mgongo na uende zake — nikachungulia. Bomba la mafuta ya breki linalokwenda gurudumu la kushoto limebanwa kwa koleo la kujifunga, limekunjwa na kusagwa mpaka mafuta yasipite. Kazi ya Insom. Wameliua gurudumu moja ili mengine yapate nguvu. Ndani ya ngoma ile hamna kitu. Na kwa gari hili, lililopakia ukoo mzima, watashuka mlima ule wakimwagiana maji!

Nilifungua kinywa. Leo si siku ya kuoza, leo naruhusiwa. Lakini Kaewma alikuwa ameshanishika mkono. "Njoo ukae, mzee. Wanakusubiri." Mkeka umetandikwa, maua yapo, bakuli la fedha lina maji ya sompoi, yale maganda ya kujitakasia kichwa. Decha yuko mbele ya wote, viganja vimekutana, kichwa chini. Akaanza mwenyewe, na hakukosea hata neno: kama tumekukosea kwa kitendo, kwa neno au kwa wazo, kwa kujua au kwa kutojua, tunaomba utusamehe.

Sauti yake ilitetemeka. Huyu mtu anamaanisha! Hilo ndilo linalonikasirisha kuliko yote. Anaomba msamaha kwa moyo wake wote, na funguo za gari zimening'inia kidoleni mwake.

Nikitia mkono majini na kujipaka kichwani, nimesamehe. Baada ya hapo ni baraka, vicheko, soseji, na injini inawashwa. Mzee aliyesamehe hana neno tena. Nisipoutia, mbele ya ndugu wote, siku ya kwanza ya mwaka — Orathai hatarudi. Kaewma amenitazama nilipoinuka. Anajua sikuja huku kwa ajili ya shati.

Nimevaa shati. Nimetoa kiatu cha mbele mfukoni. Ile lainingi imebaki mkononi mwangu. Ncha ya mwisho imeachia yenyewe, bila hata kuvutwa.

"Mwalimu!" Kaewma anaita. Mwalimu, si mzee.

Fai naye anaita kutoka nje, babu aharakishe, jua linawaka.

Bakuli ni pana. Kiatu na ukanda wake vitaingia vyote, mbele ya macho ya Decha, kabla ya mkono wangu. Ndipo nitamwambia aombe tena.

Naenda