Moshi Juu ya Bati Langu

Jumatatu, 5 Oktoba
Nimefua shuka mara ya pili. Masizi tena. Jirani yangu Baba Zuhura amewasha tanuri lake la korosho kabla jua halijatoka, na upepo wa mashariki umeniletea moshi wote. Moshi wa maganda ya korosho si kama wa kuni. Unawasha macho, unakwangua koo. Mama mkwe amekohoa hadi chai ikapoa. Banda lake la kubangulia lilianza kama kibanda cha mabua. Sasa lina nguzo, matofali na mapipa mawili ya kukaangia, hatua kumi kutoka ukutani kwangu. Hakumuuliza mtu.

Alhamisi, 8 Oktoba
Nimepanda ngazi. Bati jeusi, linanata. Maji yetu ya mwaka mzima yanatoka kwenye bati hili, yanapita kwenye gata hadi kisima cha saruji. Mvua ikinyesha kabla bati halijasafishwa, tutakunywa lami. Au tuteremke bondeni na ndoo kichwani, kwenda na kurudi mwendo wa saa tatu.
Nimemwendea Baba Zuhura. Alinipa kiti, akacheka. "Mama Anjela, zamani korosho ilikuwa ya ushirika. Sasa soko huria."
Huria yake. Moshi wangu.

Jumatano, 14 Oktoba
Balozi wa nyumba kumi anasema ni kazi ya mwenyekiti wa kijiji. Mwenyekiti anasema niandike barua. Nimeandika. Ameisoma yote, kisha akasema haina muhuri wa balozi. Nimerudi kwa balozi. Hana muhuri. Hajawahi kuwa nao.

Jumanne, 3 Novemba
Mkutano wa kijiji. Wabanguaji kumi na mmoja walikaa mbele, wote wanawake, mikono imebabuka kwa mafuta ya maganda. Mmoja wao, Mama Sharifa, akasimama. "Shikamoo mwenyekiti. Mama Anjela ni mwalimu, ana mshahara wake. Sisi tuna banda hili."
Nina hasira naye, na amesema kweli. Nilisimama nikasema sitaki lifungwe. Nataka lihame tu. Hakuna aliyelisikia neno hilo. Mwenyekiti ameahirisha.

Alhamisi, 12 Novemba
Nimekwenda Newala, wilayani. Bwana afya yuko semina. Karani akaniambia nirudi wiki ijayo. Nani atafundisha darasa la nne? Nilikaa kwenye benchi hadi saa tisa. Akachoka kunitazama, akaniandikia tarehe.

Ijumaa, 20 Novemba
Bwana afya amekuja kweli. Mtu mfupi, mpole. Alipanda ngazi mwenyewe, akapitisha kidole kwenye bati, akanusa. Kisha akaenda bandani na kuwaomba wanawake wamwonyeshe mikono. Mimi sikuwahi kuwaomba. Nimeona aibu.
Amri: tanuri lihamie mwisho wa mikorosho, upande wa magharibi, ndani ya siku saba. Wabanguaji wapewe mafuta ya kupaka mikono. Mwenyekiti akagonga muhuri. Kumbe anao.

Jumatano, 25 Novemba
Siku ya tano. Baba Zuhura hajang'oa hata nguzo moja. Ngurumo upande wa Masasi. Mwenyekiti yuko msibani. Nimechoka na watu wenye mihuri.

Alhamisi, 26 Novemba
Nimekwenda kwa Mama Sharifa. Nyumba za wabanguaji zimeezekwa nyasi, hazivuni maji, na kila kiangazi wanachota kisimani kwangu. Nikamwambia, "Bati likichafua kisima, mwakani tunateremka bondeni wote. Nataka lihame tu, mwendelee na kazi."
Akasema, "Mbona mkutanini hukusema hivyo?"
Nilisema. Sikubishana.

Jumamosi, 28 Novemba
Tumelihamisha banda sisi wenyewe. Wao kumi na mmoja na mimi. Mapipa kwanza, kisha matofali. Baba Zuhura alisimama mlangoni akilalamika kwamba tunamharibia vitu. Nguzo kubwa ikatushinda. Akaja, akashika ncha moja. Hakunisalimu. Baadaye tulisugua bati kwa majivu hadi mikono ikaniwasha. Mama Sharifa alinipaka mafuta yao.

Alhamisi, 3 Desemba
Mvua tangu alfajiri. Niliigeuza gata, maji ya kwanza yakamwagika uani, ya kahawia. Kufika saa sita yalikuwa meupe. Nimeirudisha gata kisimani. Nimekaa barazani, nasahihisha madaftari. Maji yanaingia.