Hati Niliyoiandika Mwenyewe

Alhamisi. Ukungu asubuhi, manyunyu mchana, kinyaa siku nzima.

Kwa heshima na taadhima nautangazia umma, yaani watu sita wanaosoma ukurasa huu, kwamba kalamu yangu ya buluu imeishiwa wino leo saa nne asubuhi, ikiwa kazini, mahakamani Biharamulo. Ilibakiza herufi mbili za saini yangu. Karani akaniazima yake, akailinda kwa macho mpaka nilipoirudisha.

Tulikuwa tunasaini hati ya suluhu. Mimi mdai, Projesti mdaiwa. Nilimuuzia pikipiki, akalipa nusu, ile nusu nyingine ikageuka hadithi mwaka mzima na ushee. Laki tisa. Ndiyo ada ya binti yangu Adela, chuo cha uuguzi. Nafasi anayo, yuko nyumbani Keza anapalilia migomba.

Projesti ndiye baba yake wa ubatizo.

Leo kaja na rozari shingoni, nje ya shati, akasalimia kila mtu hadi askari wa mlangoni. Mbele ya hakimu kila sentensi aliianza na "mwanangu Adela". Mtu anakula ada ya mtoto huku anamwita mwanangu.

Akasema yuko tayari tuyamalize. Hakimu, mama mmoja mpole wa miwani, akatupa nusu saa tukaandike masharti. Hapo nje wapo vijana wanaoandika kwa elfu kumi. Nikawapita. Mimi niliyejifunza sheria kwa vitabu vya kuazima, nimlipe kijana anifundishe kuandika?

Nikaandika: mdaiwa atalipa deni lote mara tu atakapovuna mahindi ya shamba lake la Nyakanazi. Projesti akaisoma taratibu, kama mtu anayesoma Injili.

Hakimu alitaka tuweke tarehe. Nikamweleza, tena kwa tabasamu la mwalimu, kwamba kwetu Keza watu hawadaiani kwa kalenda. Mahari, ada, deni la dukani, vyote vinangoja mavuno, na hakuna anayeuliza ni lini, maana kila mtu anaona mahindi yakikauka.

"Mzazi mwenzangu kasema vizuri," Projesti akasema.

Hakimu akatutazama kwa zamu. "Nikishaiingiza hii, ni hukumu. Na mliyokubaliana wenyewe hamtayakatia rufaa. Mmeelewa?"

Tukaitika pamoja, kama kwaya. Muhuri ukagongwa.

Nje akanikumbatia. Nilitamani kunawa. Ila nikiri: na mimi nilimkumbatia, tena nikamlipia chai na maandazi manne. Kisha nikampigia Adela, nikamwambia apeleke kitambaa kwa fundi, ashonewe sare. Akasema asante baba, mara tatu.

Nyakanazi nikashuka kungoja gari la Ngara. Mama muuza chapati, ambaye asubuhi nilimweleza safari yangu, akauliza kesi imeishaje. Nikamsomea hati yote, kwa sauti, pamoja na namba ya shauri.

"Shamba lipi, baba? Lile nyuma ya sheli?"

Ndilo, nikamwambia.

"Si alishaliuza. Wanajenga gesti."

Nikaenda kuangalia. Kuta zimefika kwenye lenta.