Mafaili Mia Nne kwa Mkupuo

Alhamisi jioni, Katandala

Na yule fundi wa kompyuta alivyoapa kwamba itanichukua wiki nzima! Mafaili mia nne ya anwani za watu kutoka simu ya zamani ya Mzee Salum, bosi wangu, kila mtu na faili lake, eti niyaingize moja moja kwenye programu ya barua pepe. Wiki nzima, wakati wakala wetu wa kule mpakani Kasesya anasubiri nyaraka za malori leo hii.

Niliyachagua yote, nikayaingiza kwa mkupuo. Yakaanza kuingia.

Ila katikati niliogopa, sifichi. Kompyuta iliuliza kama iunganishe majina yanayofanana, na kidole kilishafika kwenye ndiyo. Mungu wangu. Mzee huandika watu kwa majina ya watoto wao, na akina Baba Joseph wako sita! Huyo wakala ni Baba Joseph. Mkulima wa mahindi kule Kate naye ni Baba Joseph. Nyaraka za malori zingeishia...

Nikabonyeza hapana. Nikamwita Mzee, akanitajia kila Baba Joseph ni wa wapi, nami nikaongeza mahali mbele ya jina. Nyaraka zikaenda Kasesya.

Kushuka chini kidogo kwenye orodha tukakuta "Dada wa Chai." Ni mimi. Ndivyo nilivyoanza kazi pale.

Mzee akakohoa. "Hilo futa."

"Niandike nani, mzee?"

"Jina lako kamili. Na kazi, andika katibu muhtasi."

Watu wote wale niliwaingiza kwa mkupuo. Jina langu nililiandika taratibu, herufi moja moja.